Chuo cha uchawi kisichobomoka katikati ya riwaya

Barua nyingi za mwezi huu zimegusa jambo moja. Mnaandika hadithi za fantasia zenye chuo ambamo vijana hufundishwa kuita upepo, kufunga moto au kusema na majini, na wengi wenu mnakwama. Tumechagua barua saba. Majibu hayalingani urefu kwa sababu maswali hayalingani uzito.

Chuo changu kiko kisiwani, na wanafunzi wanaweza kufanya lolote kwa kutamka neno. Nimefika sura ya tano na sina tena tatizo la kumpa mhusika wangu. Kila mkosi anauondoa kwa uchawi. Je, nimletee adui mwenye nguvu kuliko yeye? — Msomaji, Tanga

Usimlete. Adui huyo naye atashindwa kwa uchawi mkubwa zaidi, na sura ya kumi utakuwa umekwama vilevile. Rudi sura ya kwanza uamue uchawi unalipiwa kwa kitu gani na nani anayelipa. Malipo hayo yapimike, ili msomaji aweze kuhesabu pamoja nawe na kuogopa kabla mhusika hajaogopa.

Tuchukue kanuni moja kama mfano: joto la uchawi hutoka mwilini mwa anayeroga. Kuchemsha lita moja ya maji kutoka nyuzijoto 25 hadi 100 kunahitaji kilokalori 75. Mtu wa kilo 60 hushuka joto kwa nyuzi moja akipoteza takriban kilokalori 50. Maana yake, lita moja tu inamtoa kwenye 37 hadi 35.5, naye anatetemeka na meno yanagongana. Lita mbili zinamfikisha 34. Hapo ameshapita 35, mpaka ambao madaktari huanzia kuhesabu haipothemia, yaani mwili kupoa kupita kiasi: vidole havifungi kifungo, maneno yanamtoka kwa kuburura. Kwa lita nne yuko 31. Mtetemo unakoma, na wenzake wasiojua watadhani amepata nafuu, kumbe mwili umeshindwa kujipasha. Lita sita ni nyuzi 28, na moyo unaweza kusimama wakati wowote.

Tazama kanuni hiyo moja ilivyokujengea chuo. Jikoni kunahitajika kuni, kwa hiyo kuna wakata kuni na kuna msitu unaopungua. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anayejionyesha mbele ya wenzake anaweza kufa kwa sufuria moja ya maji. Mwalimu anayempasha joto mtoto mgonjwa usiku kucha anatoa kitu ambacho kila msomaji anakielewa.

Sasa angalia inapovuja. Kuinua jiwe la kilo 100 hadi mita 10 juu kunahitaji kilokalori 2.3 tu, ilhali kupasha moto kikombe cha robo lita kunahitaji karibu 19. Kwa kanuni yako, kijana asiyeweza kuchemsha chai ya watu sita anaweza kurusha majabali kutwa nzima. Msomaji aliyesoma fizikia ya sekondari ataliona hilo. Weka kizuizi cha pili, nasi tungechagua kasi: nguvu ya anayeroga isizidi ile ambayo mtu mwenye afya huihimili akifanya kazi ya mikono, tuseme wati 100. Jiwe lilelile litapanda kwa sekunde 98. Linapanda kweli, lakini adui ana muda wa kukimbia, na anayeroga hawezi kulitupa kama kombora.

Baada ya hapo andika mambo matatu ambayo uchawi wako hauwezi kabisa. Moja liwe kutengeneza chakula. Ukiruhusu chakula kitoke hewani, umefuta mkulima, mvuvi, soko, ushuru na njaa kwa mkupuo mmoja, na dunia iliyobaki haina sababu ya kugombana.

Wasomaji wangu wa kwanza wamesema chuo kinaonekana kitupu, kama jumba lenye vijana watano. Niongeze majina? — Msomaji, Eldoret

Majina hayatakusaidia. Tengeneza hesabu ya chuo kwenye karatasi ambayo msomaji hataiona, kisha uache hesabu hiyo ijitokeze kwenye milango, foleni na kelele.

Anza na wanaoingia kila mwaka na wanaobaki. Chuo cha miaka saba kinachopokea vijana 40 kinaweza kuwa na 40, 34, 29, 25, 22, 20 na 19 kuanzia mwaka wa kwanza hadi wa saba. Jumla ni 189. Walioondoka ni hadithi tayari: nani aliumia, nani aliitwa nyumbani kuoa, nani karo ilimshinda, na wale walioshindwa wanafanya nini mjini na nusu ya elimu waliyoipata? Waandishi wengi huwasahau watu hawa, nasi tunaona ndio wenye hatari kubwa na huzuni kubwa katika ulimwengu wowote wenye chuo cha namna hii.

Ongeza walimu 14 na wafanyakazi 30, yaani wapishi, wachota maji, wafuaji, bawabu, mtunza vitabu. Mna watu 233. Wakila nusu kilo ya unga kila mmoja kwa siku, ni kilo 116.5. Kwa mwaka wa masomo wa siku 270 ni kilo 31,455, sawa na magunia 350 ya kilo 90. Ikiwa ekari ya wakulima wa ulimwengu wako hutoa magunia 8, basi ekari 44 zinalima kwa ajili ya chuo, kabla hujahesabu maharage, samaki na mafuta. Ekari hizo ni za nani? Wakulima wanalipwa au wanalazimishwa? Na chuo kikiwa kisiwani, jahazi la magunia 50 lazima lije mara saba kwa mwaka. Pepo zikikataa safari mbili mfululizo, mkuu wa chuo anaanza kupunguza vibaba, na hapo umepata mgogoro bila kumwita adui yeyote.

Maji ni rahisi kukumbuka: ndoo moja ya lita 20 kwa mtu mmoja kwa siku. Ndoo 233 kutoka kisimani kila siku. Mwanafunzi wako anapoamka alfajiri, sauti ya kwanza anayoisikia ni kapi la kisima.

Je, shule za uchawi zimebuniwa na waandishi wa kisasa tu, au kuna hadithi za kale ninazoweza kuzitazama? Sitaki kuiga zile ambazo kila mtu amezitazama kwenye filamu. — Msomaji, Zanzibar

Zipo za kale sana, na zina ukali ambao nyingi za leo zimeupoteza.

Huko Transylvania, ambayo leo iko Romania, watu walisimulia kuhusu Scholomance, shule iliyofichwa milimani ambamo shetani mwenyewe alifundisha siri za maumbile, lugha ya wanyama na maneno ya kuroga. Emily Gerard aliiandika simulizi hiyo mwaka 1885. Wanafunzi walikuwa kumi. Tisa walirudi kwao, wa kumi alibaki kuwa ada ya wote, akipanda joka na kumsaidia shetani kutengeneza radi.

Salamanca, nchini Uhispania, kuna pango chini ya lilipokuwa kanisa la San Cebrián. Humo, kwa mujibu wa hadithi, wanafunzi saba walifundishwa miaka saba na mmoja alipaswa kubaki milele. Wanasimulia kwamba bwana wa Villena alitoroka na kukiacha nyuma kivuli chake.

Iceland nao wana Svartiskóli, yaani Shule Nyeusi, wanayoihusisha na Sæmundur, mwanachuoni halisi aliyeishi kati ya mwaka 1056 na 1133. Ndani hamkuwa na mwanga, vitabu vilisomeka kwa herufi za moto, na chakula kilipitishwa ukutani na mkono wa kijivu wenye manyoya. Wa mwisho kutoka mlangoni ndiye aliyechukuliwa. Sæmundur alitoka na joho lililotundikwa tu mabegani, likashikwa joho, yeye akapita.

Linganisha hizo tatu. Ada ni mtu, na hulipwa siku ya kuondoka. Hakuna mwanafunzi anayeweza kumpenda mwenzake kwa moyo mweupe, kwa kuwa kila anayetoka salama amemwacha mwingine. Ukichukua mpangilio huo peke yake, bila shetani wala joka, una riwaya nzima mkononi.

Karibu na nyumbani, Waislamu wa pwani wanaifahamu aya ya 102 ya sura Al-Baqara, inayowataja malaika wawili, Haruti na Maruti, kule Babeli. Hawakumfundisha mtu uchawi mpaka wamwambie kwamba wao ni mtihani, basi asikufuru. Habari hiyo iheshimiwe kama maandiko, usiigeuze kuwa mandhari ya vituko. Ila zingatia kilichomo: onyo linatangulia somo, na anayejifunza anajifunza akiwa ameshaonywa. Mwalimu wa namna hiyo ni mzito kumwandika kuliko mzee mwenye ndevu anayeficha ukweli hadi sura ya mwisho.

Maneno ya kurogea niyatoe wapi? Nimekuwa nikitunga yanayofanana na Kilatini, lakini yananichekesha mwenyewe. — Msomaji, Kigoma

Achana na Kilatini. Unaandika kwa lugha yenye ngeli na yenye arudhi, yaani kanuni za kutunga mashairi, na vyote viwili ni mitambo ya uchawi iliyokwisha kuundwa.

Ngeli kwanza. Nyumba, kijumba, jumba. Mtu, kijitu, jitu. Kisu, jisu. Katika chuo chako, anayeroga hubadili ukubwa wa kitu kwa kubadili kiambishi chake, na sharti ni kwamba upatanisho wa sentensi nzima ufuate. Akisema "jumba hili limesimama", linasimama. Akiteleza akasema "jumba hii imesimama", mlango umekuwa mkubwa na paa limebaki dogo. Msomaji atalisikia kosa kabla ya kuona matokeo yake, na hakuna maelezo ya pembeni yanayohitajika.

Arudhi ndiyo tunayoipenda zaidi. Shairi la kawaida lina mizani, yaani silabi, 16 kwa mshororo, 8 kila kipande. Weka kanuni kwamba tungo isiyotimiza mizani haishiki. Mfano wa kufunga moto usiku:

*Moto lala kwenye jivu, usizuke hadi kuche.*

Hesabu: nane na nane. Sasa mwanafunzi wa mwaka wa kwanza, mwenye usingizi, anasema "usizuke mpaka kuche". Maana ni ileile, lakini "mpaka" lina silabi tatu na kipande kimekuwa na tisa. Moto unaamka saa tisa usiku na kuunguza bweni. Kosa la namna hii ni la haki: limetokea mbele ya macho ya msomaji, angeweza kulikamata, na hakulikamata.

Usiandike tungo nyingi. Tano au sita kwa riwaya nzima zinatosha, zirudiwe, zikosewe, zibadilishwe kipande kimoja. Msomaji akizikariri, umeshinda.

Sura zangu za darasani zinachosha. Mwalimu anaeleza, wanafunzi wanasikiliza. Nitaandikaje somo la uchawi lenye uhai? — Msomaji, Dar es Salaam

Toa maelezo, weka kazi ya mikono. Chagua ufundi halisi wenye hatua, vipimo na kosa linalochelewa kuonekana, kisha uchawi uupandishe juu yake.

Wino unafaa sana. Ule wa kale wa Ulaya unaweza kutengenezwa kwa uwiano kama huu: gramu 40 za mivimbe ya mti wa mwaloni iliyopondwa, gramu 20 za salfeti ya chuma, gramu 10 za gundi ya mgunga, mililita 300 za maji. Ponda mivimbe, iloweke majini siku kadhaa au ichemshe kwa moto mdogo, chuja kwa kitambaa, tia salfeti ya chuma, mwisho gundi. Ukiandika, mstari unatoka hafifu, na huwa mweusi ukikutana na hewa. Ulimwengu wako ukiwa wa pwani, mwaloni haupo. Tumia maganda ya mkandaa, mmoja wa mikoko, na wino utaelekea weusi wa kijani badala ya weusi wa bluu.

Kila hatua ina makosa yake. Asiyechuja vizuri kalamu yake inaziba. Aliyesahau gundi wino unasambaa kwenye karatasi na herufi zinashikana. Anayeweka chuma kingi anapata wino mzuri kuliko wa wenzake wote, mweusi unaong'aa, na mwalimu anamsifu. Kisha chuma kilichozidi kinaila karatasi polepole, na miaka baadaye herufi zinadondoka na kuacha matundu yenye umbo la maneno. Hati nyingi za kale katika maktaba za Ulaya zimeharibika kwa njia hiyo hasa.

Fikiria mkataba wa kumfunga jini umeandikwa kwa wino huo. Mwanafunzi aliyesifiwa siku ile ameshakuwa mwalimu, jini bado liko chupani, na neno la tatu la mstari wa pili limeanza kutoboka. Somo la sura ya pili limelipa sura ya ishirini.

Katika kuandika somo lenyewe, mpe mwalimu maneno machache. Aseme kipimo, akague, arudishe kazi mbovu bila kueleza. Anayeeleza awe mwanafunzi wa mwaka wa pili aliyeketi pembeni, na sehemu moja aieleze vibaya.

Katika chuo changu mwalimu mwovu anatumia viungo vya watoto kuongeza nguvu. Je, ni kali mno kwa vijana? — Msomaji, Mwanza

Ukali haututii wasiwasi. Linalotusumbua ni kwamba katika riwaya yako, kwa jinsi ulivyoieleza, dawa hiyo inafanya kazi.

Watu wenye ualbino wameuawa na kukatwa viungo Tanzania na nchi jirani kwa sababu kuna walioamini kwamba viungo vyao huleta utajiri. Vikongwe wameuawa kwa macho mekundu, ambayo mara nyingi ni matokeo ya miaka mingi ya moshi wa kuni jikoni. Barua yako imetoka kanda ambako mambo haya yalitokea zaidi kuliko kwingine. Msomaji wa miaka kumi na mitatu anayekuta kwamba mkono wa mtoto ulimpa mwalimu nguvu amepewa uthibitisho, hata kama mwalimu huyo anakufa ukurasa wa mwisho.

Una njia mbili. Ya kwanza, badilisha kabisa chanzo cha nguvu: uovu wa mwalimu uwe kuwalipisha wengine gharama iliyopaswa kuwa yake, kwa mfano kuchota joto la wanafunzi waliolala bila wao kujua. Asubuhi wanaamka wakitetemeka na hakuna anayejua kwa nini. Ya pili, kama lazima imani hiyo iwemo, basi isifanye kazi hata kidogo, na hadithi ilionyeshe hilo waziwazi: mwalimu aliua, hakupata kitu, na waliomuuzia walijua hatapata kitu. Sisi tungechukua ya kwanza. Vilevile usimpe mhusika mwenye ualbino nguvu za kuzaliwa nazo, hata njema. Mpe masomo magumu, rafiki mkorofi, kofia pana ya kumkinga na jua, na kiti cha mbele darasani kwa kuwa wengi wao huona kwa shida mbali.

Mtihani wa mwisho uweje? Nimechoka na mapambano uwanjani. — Msomaji, Mombasa

Tumia ijaza. Katika elimu ya Kiislamu, mwanafunzi husoma kitabu fulani kwa shekhe fulani, na akikimudu hupewa idhini ya kukifundisha. Idhini hutaja kitabu, mwalimu, mwalimu wa mwalimu, na kuendelea juu. Kinachothibitishwa ni mnyororo wa watu.

Katika chuo chako, kijana asihitimu chuo. Ahitimu tungo, moja moja. Siku ya mtihani anaketi mbele ya mwalimu, anaisoma tungo yote kwa moyo, anaulizwa kila neno limewekwa pale kwa sababu gani, kisha anairoga mara moja tu na kulipa gharama yake mbele ya mashahidi wawili. Akifaulu, anautamka mnyororo kuanzia kwake hadi kwa mtunzi wa kwanza, na jina lake linaingia mwisho.

Kwa mpangilio huo huna haja ya uwanja. Weka majina tisa kwenye mnyororo. Jina la sita, mtahiniwa wako amegundua wiki moja kabla, ni la mtu aliyefukuzwa chuoni kabla ya kupewa idhini. Kila aliyefundishwa baada yake, akiwemo mwalimu aliyeketi mbele yake sasa, hana ijaza. Na tungo bado inashika. Muulize mtahiniwa atalitamka jina hilo au ataliruka, na usimwache ainuke mkekani mpaka ajibu.